Katiba ya elfu sita pale Mnara wa Saa: maoni ya mtumiaji

Nianze na bei, maana najua ndiyo mtakayoniuliza kwanza. Yule kaka wa vitabu anayetandaza turubai lake jirani na Mnara wa Saa hapa Arusha alinitajia elfu nane. Nikamwambia kaka, mimi siyo mtalii, mimi natoka Kilombero sokoni. Akacheka, akashuka mpaka elfu sita, akanifungia kwenye gazeti kama anayeuza karanga. Kushoto kwake kulikuwa na vitabu vya kutafsiri ndoto, kulia mitihani ya zamani ya darasa la saba, na katikati Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania, nakala tatu, zimepigwa jua mpaka majalada yamepauka. Nikachomoa ya chini kabisa.

Hiyo ilikuwa mwezi wa pili mwaka jana. Tangu hapo imekaa chini ya meza yangu ya uwakala wa pesa za simu, imemwagikiwa chai mara mbili, imekwenda kituo cha polisi mara nne na imerudi. Kwa hiyo msinisome kama mtu aliyeangalia jalada akaanza kutoa nyota.

Umbo lake. Ni ya mwaka 1977 yenye marekebisho hadi yale ya 2005, Kiswahili mwanzo mwisho, ukubwa wa daftari la shule. Karatasi nyepesi; ukiandika pembeni kwa kalamu, upande wa pili unasoma kinyumenyume. Imebandikwa kwa gundi, haikushonwa, na gundi yenyewe ni ya kuhesabu siku. Mwezi wa tatu tangu niinunue, karatasi yenye Ibara ya 15 na ya 16 ikachomoka, nikaibana kwa pini. Mteja wangu mmoja, mzee mstaafu wa posta, aliniambia nisilaumu gundi: karatasi inayochomoka ni ile inayofunguliwa kila siku, kaangalie Biblia ya mama yako imechomokea wapi. Nikaangalia. Zaburi. Basi hapo namsamehe mtengenezaji. Nisichomsamehe ni kwamba mbele kaweka orodha ya ibara lakini nyuma hakuna faharasa. Ukitaka kujua habari za kukamatwa, dhamana au kupekuliwa, unaanza kupekua mwenyewe ukurasa kwa ukurasa, na siku unayokihitaji kitabu hiki ndiyo siku huna muda huo.

Sasa kwa nini mtu wa kuweka na kutoa pesa anunue Katiba.

Ofisini kwangu (naiita ofisi, ni kibanda cha mabati chenye mwavuli mbele) kuna kaunta buku ya kwaya mbili. Kila muamala naandika: tarehe, jina, namba ya simu, kiasi, sahihi. Nasajili na laini pia. Tangu uje ule usajili wa alama za vidole, ambao mwisho wake ulisogezwa mpaka tarehe 20 Januari 2020, nimeshika vidole vya watu wengi kuliko muuguzi wa zahanati. Mashine haina adabu kwa wazee. Kuna bibi mmoja alishuka kutoka upande wa Ngaramtoni, vidole vimelika kwa jembe na masufuria mpaka havina mistari. Gumba likakataa. Cha shahada kikakataa. Tukapangusa kwa khanga yake, tukapaka mafuta kidogo, tukapangusa tena, kidole cha nane ndicho kikakubali. Akaniuliza, "Mwanangu, sasa hivi vidole vyangu vinakwenda wapi?" Nikamjibu vinakwenda serikalini, bibi, ni mambo ya usalama. Akasema haya. Jibu lile lilinitoka tu, kama mtu mwenye homa anavyojibu "salama" akiulizwa habari za asubuhi.

Mwishoni mwa mwezi wa kwanza mwaka jana wakaja vijana wawili, nguo za kiraia. Hawakuwa wakali hata kidogo. Mmoja akanisalimia vizuri, shikamoo mama, pole na kazi, akasema wanatoka usalama, kuna namba wanaifuatilia, wanaomba kaunta buku. Sikuuliza kitambulisho. Sikuuliza barua. Nikatoa. Wakakaa nayo dakika kama ishirini kwenye benchi la wateja, wanapiga picha kwa simu, na hawakupiga ule mstari wa namba wanayoitafuta peke yake. Walipiga kurasa zote za miezi miwili. Nikawaagizia hata chai. Hili la chai ndilo linaloniuma mpaka leo.

Siku ya tatu kijana anayeuza makava ya simu hatua chache kutoka kwangu hakufungua meza. Saa tano mama yake akatokea, kavaa ndala za chooni, hajui kama kazivaa. Kijana alichukuliwa alfajiri nyumbani, watu wanne, gari halina maandishi. Kosa lake, kama tulivyokuja kuliokota kwa vipande, lilikuwa mstari mmoja kwenye kitabu changu: ametoa shilingi 45,000 zilizotumwa kutoka kwenye ile namba. Alikuwa ameuza makava ya jumla, mteja kalipa kwa simu. Ndiyo hivyo tu. Alikaa ndani siku kumi na moja.

Kabla hamjaanza kuniita mwanaharakati, nisikilizeni. Tarehe 5 Mei 2013 nilikuwa napanga chumba Olasiti. Kanisa la Mtakatifu Yosefu Mfanyakazi lilikuwa linazinduliwa siku hiyo, balozi wa Vatikani yupo, watu wamevaa vitenge vya sare, na bomu likarushwa. Watatu walifariki. Jirani yangu alirudi na kitenge chake kimelowa damu, akawa anajipapasa kutafuta jeraha halipo. Damu ilikuwa ya aliyekaa naye benchi moja. Mwezi uliofuata, tarehe 15 Juni, likalipuka lingine kwenye mkutano wa siasa viwanja vya Soweto. Miezi ile mkoba wangu nilikuwa naufungua mwenyewe kabla sijaambiwa, na niliwashukuru askari waliosimama mlangoni kwa kanisa letu na bunduki. Kwa hiyo mtu asije kuniambia dola isifuatilie namba za simu. Ifuatilie. Nalipa kodi ya pango la kibanda, nalipa tozo, wafanye kazi.

Nilichokuwa nataka kitabu kiniambie ni kitu kidogo cha kibiashara: siku wakikosea mtu, mlango wa kurudisha bidhaa uko wapi, na unafunguliwa saa ngapi.

Nilianza kusoma usiku wa pili tangu kijana achukuliwe, kwa tochi ya simu, umeme umekatika. Ibara ya 13, ile ndogo ya sita, inakataza mtu aliyeshtakiwa kutendewa kama mwenye hatia kabla hatia haijathibitishwa. Ya 15 inakataza kumkamata mtu, kumfungia au kumhamisha kwa nguvu isipokuwa kwa utaratibu wa sheria. Hayo nilikuwa nayasikia redioni. Iliyonisimamisha ni ya 16. Inalinda nafsi ya mtu, familia yake, unyumba wake (ndiyo, unyumba, neno lile lile la bibi zetu), maskani yake na mawasiliano yake ya binafsi. Halafu inasema mamlaka ya nchi iweke utaratibu wa sheria kuhusu hali, namna na kiasi ambacho faragha hiyo yaweza kuingiliwa.

Hali, namna na kiasi. Mimi ni mtu wa kiasi, nashinda nahesabu floti, yaani salio la kuendeshea uwakala. Namba moja waliyokuwa wanaitafuta ni kiasi. Kurasa za miezi miwili, na jina la yule bibi wa Ngaramtoni, na mchungaji aliyetumiwa pesa na mtu ambaye si mkewe, na mimi mwenyewe nilivyokopa elfu ishirini kwa jirani, hicho ni kiasi kingine. Tofauti hiyo ingeonekana kama ningeuliza swali moja tu: mnataka mstari upi? Nililala nalo.

Ila kitabu kina upande wa pili na muuzaji hawezi kukuambia. Ukigeuza kurasa chache unakutana na Ibara ya 30, inayosema haki hizi zote hazibatilishi sheria iliyotungwa kwa ajili ya ulinzi, usalama wa jamii, amani, maadili, afya, na orodha inaendelea. Ya 31 inakwenda mbali zaidi: Bunge linaweza kutunga sheria ya kuvuka mipaka ya Ibara ya 14 na ya 15 wakati wa hali ya hatari, na hata wakati wa kawaida, kwa watu ambao wanaaminika kuwa wanafanya vitendo vinavyohatarisha usalama wa taifa. Neno hilo "wanaaminika" nimelipigia mstari kwa kalamu nyekundu. Sarufi ya Kiswahili ni tajiri, inakuruhusu kuaminika bila kumtaja anayeamini. Kijana wetu aliaminika. Nani alimwamini hivyo, kwa ushahidi gani, hilo neno halidai kujua.

Lakini msome kwa makini, hapa nilirudia mara tatu: ya 31 inazitaja ya 14 na ya 15. Ya 13, yenye haki ya kusikilizwa, haimo kwenye orodha. Kwa maana nyingine hata ukiaminika, bado unasikilizwa. Asubuhi nikamfungulia kibanda mdogo wangu, nikamchukua mama wa kijana na shemeji yake, tukaenda.

Kituo sikitaji. Afande wa kaunta alikuwa mtu mzima, mstaarabu, ana mafua. Akatukaribisha, akafungua kitabu chake cha mahabusu, na nilipokiona nilipigwa na butwaa: kaunta buku ile ile ya kwangu, jalada gumu, mgongo wa kitambaa chekundu, kasoro yake kwaya nne. Akapitisha kidole kwenye majina juu mpaka chini. "Hayupo kwenye kitabu, mama." Mama wa kijana akamwambia, afande, namsikia anakohoa huko nyuma, kikohozi cha mwanangu nakijua. Afande akanyamaza. Nikatoa Katiba yangu, nikamwonyesha Ibara ya 15. Akaisoma, nadhani kwa nia njema, midomo inacheza, akaigeuza akaangalia jalada, akauliza, "Hii ni yenyewe au ya kudurufu?" Kisha akapunguza sauti: "Mama zangu, hili limetoka juu. Mimi nashika funguo tu."

Kwa hiyo mara ya kwanza bidhaa haikufanya kazi. Mara ya pili pia haikufanya kazi, na siku hiyo afande alikuwa mwingine, hakutukaribisha hata kukaa.

Mara ya tatu tulikwenda na msaidizi wa kisheria, binti mdogo kuliko mwanangu wa kwanza, mkoba umejaa mafaili. Hawa wanafanya kazi kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 na hatukumlipa kitu zaidi ya nauli. Njiani akatueleza kwamba Katiba ni ya juu, lakini kituoni wanaongea lugha ya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai. Huko ndiko kuna saa. "Mtuhumiwa akishakamatwa, polisi wanatakiwa kumhoji na kuchukua maelezo yake ndani ya saa nne," akasema. Shemeji akaangalia simu yake, akashtuka: "Saa nne? Sasa hivi ni saa nane, si tumeshachelewa!" Tulicheka mpaka mama wa kijana naye akacheka, mara ya kwanza wiki ile, katikati ya barabara, magari yanatupigia honi. Saa nne ni muda wa kuhesabu tangu alipokamatwa, shemeji. Unaweza kuongezwa kwa utaratibu, lakini unahesabiwa. Na aliyekamatwa bila hati anatakiwa afikishwe mahakamani ndani ya saa ishirini na nne au aachiwe kwa dhamana, isipokuwa kosa lenyewe liwe la adhabu ya kifo. Nikapiga hesabu palepale, ndiyo kazi yangu: siku ile zilikuwa zimefika saa mia mbili na ishirini na kitu.

Nikamuuliza, wakisema ni ugaidi je? Akasema hapo mlango mwembamba zaidi. Ugaidi, uhaini, unyang'anyi wa kutumia silaha, utakatishaji fedha, hayo hayana dhamana. Mwezi Mei 2020 Mahakama Kuu ilisema kifungu kinachozuia dhamana kinakiuka Katiba. Mwezi Agosti mwaka huo huo Mahakama ya Rufani ikalitengua hilo. Na kuna ule mtindo mnaoujua wote, "muwekeni ndani saa arobaini na nane", ambao mkuu wa wilaya na mkuu wa mkoa wanautoa kwenye Sheria ya Tawala za Mikoa ya mwaka 1997. Ile Sheria ya Kuweka Watu Kizuizini ya mwaka 1962 nayo ilikuwa kwenye orodha ya sheria 40 ambazo Tume ya Nyalali, ile iliyochunguza mfumo wa vyama vya siasa, ilizinyooshea kidole mwaka 1992. Binti anavitaja hivi kama mimi ninavyotaja makato ya miamala.

Alichonifundisha nikakiandika kwenye ukurasa mtupu wa nyuma ya Katiba (una kurasa mbili tupu nyuma, hiyo ni sifa, nimezitumia) ni kipimo cha ile Ibara ya 30 iliyonikatisha tamaa. Kumbe majaji walishakitengeneza, na kimojawapo cha vyanzo vyake ni kesi iliyoanzia Mahakama Kuu hapa hapa Arusha: Kukutia Ole Pumbun na mwenzake dhidi ya Mwanasheria Mkuu, iliyoamuliwa na Mahakama ya Rufani mwaka 1993. Wakati ule ukitaka kuishtaki Serikali ilibidi uombe kibali cha waziri kwanza. Yaani aliyekupiga teke ndiye akuandikie ruhusa ya kwenda hospitali. Mahakama ikafuta sharti hilo. Ikasema sheria inayobana haki ya msingi lazima ipite pawili. Kwanza isiwe ya kiholela, iwe na kinga ndani yake dhidi ya mtu kuitumia atakavyo. Pili ibane kwa kadiri inayohitajika tu kufikia lengo lake halali, isiwe wavu mpana unaozoa hata wasiolengwa. Miaka miwili kabla, kwenye kesi ya Daudi Pete, mahakama hiyo hiyo ilishapima hivyo hivyo kifungu kimoja cha kunyima dhamana, kikaanguka.

Wavu unaozoa wasiolengwa. Nikafikiria picha za kaunta buku yangu kwenye simu ya yule kijana mstaarabu.

Na Arusha yetu hii, mjue, ni mji wa ajabu kwa mambo haya. Dereva mmoja anayetoa pesa kwangu kila Ijumaa aliwahi kuendesha mashahidi waliokuja kwenye Mahakama ya Afrika Mashariki. Yeye ndiye aliyenisimulia kesi ya James Katabazi na wenzake. Washtakiwa wa uhaini Uganda, kumi na sita, kumi na wanne wakapewa dhamana na Mahakama Kuu ya Kampala mwezi Novemba 2005. Watu wenye silaha wakaizingira mahakama na dhamana ikawa karatasi tu, wakarudishwa gerezani. Serikali ya Uganda ikajitetea kwa usalama. Mwaka 2007 majaji waliokaa hapa Arusha wakasema silaha kuingilia amri ya mahakama ni kuvunja utawala wa sheria ulioandikwa kwenye Mkataba wa Jumuiya. Kampala inahukumiwa Arusha, mimi nauza vocha mtaa wa pili sijui lolote.

Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu nayo iko hapa hapa. Ila mwezi Novemba 2019 Tanzania iliondoa lile tamko lililowaruhusu wananchi kupeleka kesi wenyewe moja kwa moja, na mwaka mmoja baadaye mlango ukafungwa kwa kesi mpya. Kwa hiyo mtu wa Benin alibaki... hapana, Benin nao waliondoa. Mtu wa Malawi anaweza kuja na kesi yake mpaka hapa. Mimi ninayeweza kwenda kwa miguu siwezi.

Turudi kituoni. Binti hakubishana na mtu. Alitoa barua mbili, moja kwa mkuu wa kituo, nakala kwa ofisi ya mashtaka: jina, tarehe na saa ya kukamatwa, sheria inasema nini, na kwamba kesho yake familia itafungua maombi Mahakama Kuu ili aliyekamatwa aletwe mbele ya jaji na sababu za kumshikilia zielezwe. Akaomba nakala yake igongwe muhuri wa kupokelewa. Walisita sana juu ya muhuri kuliko walivyosita juu ya Katiba nzima. Afande mwenye mafua ndiye aliyegonga.

Kesho yake saa kumi jioni kijana akatoka. Siwezi kuapa kwamba ni barua iliyomtoa. Labda walishamaliza naye. Hakupewa karatasi yoyote, simu yake haikurudi, akaambiwa nenda, tutakuita. Hajaitwa.

Nilimwacha wiki mbili apate nguvu, kisha nikamwambia kwamba ni kitabu changu. Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi. Akasema, "Nilijua, mama. Walinionyesha picha. Hiyo g yako yenye mkia mrefu nani asiyeijua hapa sokoni." Bado anatoa pesa kwangu. Ila kwenye safu ya sahihi anachora kimstari tu, kimoja, na mimi simwambii kitu.

Basi tathmini. Maandishi ya Ibara ya 13 mpaka ya 16, nyota nne. Ya 30 na ya 31, nyota mbili kama ukisoma mwenyewe, tatu na nusu kama una mtu wa kukusomea pamoja na kesi zake. Gundi, nyota moja. Kama una elfu sita tu nunua. Kama una elfu sita na nauli ya msaidizi wa kisheria, anza na nauli. Na ukifika pale Mnara wa Saa usikubali nakala ya juu, jua limeimaliza.

Nimebakiza jambo moja, la mwezi wa saba mwaka huu, siku za baridi ile ya ukungu mpaka saa tano. Alikuja mwingine, peke yake, koti jeusi. Anaomba kaunta buku. Mikono ilinitetemeka nikaificha chini ya khanga. Nikamwomba kitambulisho, akakitoa. Nikamwomba barua inayosema anatafuta nini. Akaniangalia. "Mama, unanifundisha kazi?"

"Hapana, baba. Najifunza yangu. Siku hizi kuna na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, wateja wakiniuliza nani kaona majina yao niwajibu nini?" Na nikamwambia kwamba nimeelezwa hata wao wakichukua kitu cha mtu sheria inawataka waache risiti. Kule kwetu TRA, watu wa kodi, wanatuimbia kila siku, ukiuza toa risiti, ukinunua dai risiti. Sikuona kwa nini yeye aachwe nje. Hakucheka. Aliondoka. Kwa saa mbili sikuweza kuhesabu floti, kila nikihesabu inapungua, nikajua gari lisilo na maandishi liko njiani.

Saa tisa akarudi na karatasi. Muhuri upo, sahihi ipo, namba moja ya simu, tarehe kuanzia mpaka. Akanisainia nakala yangu kwa kalamu yangu. Nikafungua kaunta buku kwenye ukurasa wenyewe, nikalaza Katiba juu ya mistari ya juu, inafunika kumi na tisa, na chini nikaweka kitabu cha risiti. Katikati ukabaki mstari mmoja. Akaupiga picha.

Chai aliagiza mwenyewe kwa mama wa jirani, akalipa.